Kimya cha Chumba cha Uani

Shemeji yangu, mdogo wake marehemu mume wangu, watu wanamwita Kipimo. Jina hilo alipewa na mafundi wenzake, kwa sababu hakuna kitu kinachopita mikononi mwake bila kupimwa. Akinunua mlango atapima mlango, kisha fremu, kisha mlango tena. Ukimuuliza saa hakwambii ni saa nne na robo; atakwambia ni saa nne na dakika kumi na saba. Ana miaka arobaini na minane, hajaoa, na anaishi nami katika chumba cha uani ambacho mume wangu alikijenga ili aweke vitabu vyake.

Naandika habari zake kwa sababu mengi yamesemwa juu yake na juu ya nyumba hii, na waliosema hawakuwepo. Mimi nilikuwepo.

Kazi ya Kipimo ni kubadilisha mafaili ya gemu. Nitaieleza kama alivyonieleza, na alinieleza mara tatu kabla sijaelewa, ingawa mimi nilikuwa mkaguzi wa shule kwa miaka kumi na tisa na sikuzoea kuambiwa jambo mara tatu. Gemu ya mpira, ile inayochezwa kwa mashine iliyounganishwa na televisheni, ni furushi kubwa lililofungwa. Ndani yake mna maelfu ya mafaili: nyuso za wachezaji, jezi, nyasi, kelele za watazamaji, na sauti ya mtangazaji iliyokatwa vipande vipande. "Amekosa" ni kipande chake, "ameotea" kipande chake, kila jina la mchezaji kipande chake. Kipimo hulifungua furushi, akachomoa kipande, akaweka cha kwake, akalifunga upya. Ugumu uko kwenye kulifunga. Mashine ina orodha yake inayoonyesha kila kipande kinaanzia wapi na kinaishia wapi. Furushi likizidi hata kwa herufi moja, mashine inalikataa na skrini inabaki nyeusi. Likipungua, pengo lazima lijazwe.

"Ni kama kupanga upya sanduku la mgeni, shemeji," aliniambia. "Ukitoa koti, weka kitu chenye ukubwa wa koti. Usipoweka, mwenyewe akilinyanyua tu atajua limeguswa."

Niseme na hili mapema ili lisije likasemwa na mwingine: kila mtu humletea gemu yake mwenyewe aliyoinunua dukani. Kipimo hajawahi kumpa mtu kitu kisicho chake, na hakuna askari aliyewahi kusimama mlangoni petu.

Mafundi wengine hujaza mapengo yao kwa utupu mtupu. Kipimo hakubali. Anasema utupu ukiingia katikati ya maneno, msikilizaji anahisi kama amezibwa masikio kwa vidole. Yeye hujaza kwa kitu anachokiita kimya cha chumba. Anafungua kinasa sauti, anakaa bila kusogea, anarekodi chumba kikiwa hakina anayesema, kisha anakata kimya hicho kwa urefu anaoutaka.

"Kila chumba kina kimya chake," alisema siku moja, akanivika spika za masikioni. "Hiki cha hapa. Hiki cha sebuleni. Umeona tofauti?"

Sikusikia kitu, hapa wala sebuleni. Nikamwambia nimeona, ili aniache nikapike.

Sasa nimseme mume wangu. Alikuwa mwalimu mkuu. Alikuwa na sauti iliyowanyamazisha wanafunzi mia saba uwanjani bila kipaza sauti, na hata fundi aliyekuja kuziba bomba alijikuta amesimama wima. Kisha mapafu yake yakaanza kuchoka. Aliugua miezi minane, na katika miezi hiyo hakujua mtu ila mimi, Kipimo na daktari. Shuleni tulisema yuko likizo, anaandika kitabu cha hesabu. Mama yake, ambaye alikuwa akiishi kwa binti yake, safari ya siku nzima kutoka kwetu, tulimwambia kwenye simu kwamba mwanawe ana mafua. Uamuzi huo ulikuwa wangu. Sikutaka watu waje kukaa sebuleni kwangu wakihesabu kikohozi chake, halafu wakitoka wapeane macho getini. Nilitaka akumbukwe akiwa wima.

Alikuwa akienda kukaa na mdogo wake chumba cha uani, kwenye stuli ndefu mbele ya kinasa sauti. Wachezaji wa mtaani walikuwa wamemwomba Kipimo awaondolee yule mtangazaji wa kigeni anayebwata maneno wasiyoyaelewa, awawekee wa Kiswahili. Mume wangu akakubali kuwa sauti hiyo, na aliipenda kazi kuliko nilivyotegemea. Wakati huo aliweza kusema maneno manne, kisha apumzike. Kazi yenyewe ilikuwa ya maneno manne manne.

Alifariki asubuhi moja. Nikawaambia watu ilikuwa ghafla. Mama yake alifika kwenye mazishi, hakufika kwenye kuagana. Baadaye alihamia kwetu, akasema anataka kukaa alipokaa mwanawe. Macho yake yalikwishaingia ukungu, hakuona zaidi ya mwanga na kivuli, lakini masikio yake yalikuwa mazima. Alikuwa akimjua kila mtu wa nyumba hii kwa mwendo wake.

Miezi mitatu baada ya mazishi Kipimo akalimaliza furushi. Lilienea upesi. Watu wazima waliopitia mikononi mwa mwalimu mkuu walifurahi kumsikia akiwaambia "umeotea, rudi nyuma." Nilifurahi nami, nakiri. Kisha akaja fundi cherehani, jirani yetu wa ukuta wa pili.

"Mkaguzi, nimekuja kwa heshima," alisema, na nikajua heshima inaishia hapo.

"Karibu ukae."

"Sikai. Shemeji yako ameweka nini kwenye ile gemu?"

"Ameweka Kiswahili."

"Ameweka mwanamke." Akashusha sauti. "Wanangu wamemaliza kucheza, mimi nakata kitambaa. Televisheni ikasema, hivi hivi nilivyosimama: 'Mama asijue.' Asijue nini? Nikawabana wale watoto mpaka yule mdogo akakiri mambo ambayo wala sikuwa nimemuuliza."

"Labda ni watoto wenyewe waliosema."

"Watoto wangu hawana sauti ya kaburini, Mkaguzi. Na si kwangu tu. Nenda kwa kinyozi ukawaone. Siku hizi watu hawatoki sare."

Nilikwenda siku hiyo hiyo, saa nane mchana, jua likiwa kali barabarani. Kinyozi ana mashine mbili nyuma ya duka, zimetengwa kwa pazia. Nilimkuta dereva wa lori akicheza na fundi bomba, watu wazima wenye ndevu zao.

"Mkaguzi huyo," kinyozi alisema. "Umekuja kukagua nini? Sisi hapa hatuna madaftari."

"Nimekuja kutazama mpira."

Mechi ilikuwa bila kwa bila, dakika ya themanini na nane. Nikamwona dereva wa lori akiugeuza mpira, akakimbia nao kuelekea kwake mwenyewe na kumfunga kipa wake. Hakuna aliyecheka. Fundi bomba alimshika bega kama mtu anayeshukuru.

"Umejifunga kusudi," nikasema.

"Usalama kwanza, mama."

"Usalama wa nini?"

Wakatazamana. Kinyozi ndiye aliyejibu. "Ikiisha sare tasa, anakuja. Mkifungana hata moja, haji. Tumeshapima."

Nikawaomba wacheze mechi nyingine, na pasiwe na goli. Dereva wa lori akasema amekumbuka ana mzigo wa kupeleka, akatoka kweli. Kinyozi akashika pedi ya kuchezea kwa ncha za vidole, na yeye na fundi bomba wakapigiana pasi nyuma, mbele, nyuma, mpaka filimbi ikalia.

Sauti ya mume wangu ikasema: "Mechi imekwisha. Hakuna mbabe." Kelele za watazamaji zikapungua, zikaisha. Nikadhani ndiyo mwisho. Kisha, katika ule utulivu, nikasikia pumzi. Ilivutwa kwa shida, ikakwama juu, ikaachiwa kidogo kidogo. Nililala kando ya pumzi ile miezi minane; ningeitambua hata sokoni. Stuli ikalia. Ikapita pumzi nyingine. Halafu kwa mbali, kama mtu aliye upande wa pili wa maji, mwanamke akasema kwa sauti iliyochoka: "Mama asijue."

Kinyozi alichomoa waya ukutani.

"Umemsikia?" akaniuliza. "Jini jike huyo. Limeingia na marehemu."

"Ni hitilafu ya faili," nikasema, nikaaga vizuri na kutoka.

Nilirudi nyumbani moja kwa moja. Hawakuitambua sauti, kwa sababu watu hawa wanaijua sauti ninayozungumza nayo na watu. Ile nyingine nilikuwa naitumia nyumbani tu, miezi ile, milango ikiwa imefungwa. Ilikuwa yangu.

Kipimo alinisikiliza bila kukatiza. Kisha akafungua kompyuta, akatazama mstari wa sauti ulionyooka kama uzi, akaukuza, akaukuza tena. Katikati ya uzi kukatokea vinyweleo vidogo.

"Kile kipande cha sare kilikuwa kirefu," akasema polepole. "Sekunde arobaini. Kaka alisema maneno machache, akachoka. Zilizobaki nikazijaza kimya cha chumba."

"Na hukusikiliza?"

"Shemeji, kimya sikisikilizi. Nakitazama. Mstari ukiwa umelala, najua ni kimya." Akajifuta uso. "Wewe ulikuwa mlangoni, ulisema chini sana. Na ile gemu, watazamaji wakinyamaza, inapandisha sauti ya kila kilichobaki."

Nikakumbuka. Mume wangu alikuwa ameketi kwenye stuli, ameniambia tena kwamba anataka mama yake aitwe. Nami nikasema maneno yale mawili, nikafunga mlango, nikaenda zangu.

"Kiondoe," nikamwambia. "Kabla mama hajasikia."

Hilo ndilo nililoliogopa. Jini la kinyozi lingesahaulika. Lakini mama mkwe wangu alikuwa ndani ya nyumba ile ile, na yeye ndiye mama mwenye kutajwa. Angeisikia mara moja, angetambua pumzi ya mwanawe na sauti ya mkwewe, na angejua kwamba alinyimwa miezi minane.

"Nitazikusanya diski zote," Kipimo akasema. "Ziko hamsini na mbili. Nipe wiki mbili." Alitaka kuongeza neno. Akaliacha.

Neno lenyewe nililipata Alhamisi iliyofuata, saa nne asubuhi. Kipimo alikuwa ametoka kukusanya. Nilikuwa naanika nguo uani niliposikia watazamaji wakishangilia ndani ya chumba chake. Nikafungua mlango, nikaingia, nikaufunga nyuma yangu.

Mama mkwe alikuwa ameketi kwenye stuli ya mwanawe, mgongo umenyooka, uso ameuelekeza pembeni, kwenye spika. Pedi zote mbili zilikuwa mezani, waya zimezungushwa vizuri. Hakuna aliyezigusa. Kwenye skrini wachezaji ishirini na wawili walikuwa wamesimama kwenye nyasi zinazong'aa, kila mmoja mahali pake, wakiyumba kidogo kama watu waliosimama muda mrefu. Saa ya mechi ilikuwa inakimbia. Sauti ya mume wangu ikasema, "Mpira uko kati." Baada ya kitambo ikasema tena, "Bado uko kati."

"Mkwe wangu," mama akasema bila kugeuka. "Nimekujua kwa kandambili. Kaa, zimebaki dakika sita."

"Mama, mashine hii ni mbovu. Ngoja niizime."

"Juzi mdogo wake naye ameniambia ni mbovu. Nikamwambia naitaka hivyo hivyo. Ndiye aliyenidondoshea gundi kwenye kitufe ili nikipate kwa kidole." Akakionyesha, tone gumu jeusi. "Ni mwezi sasa. Kila siku mkienda kwenye shughuli zenu."

Sikukaa. Filimbi ikalia. Mechi imekwisha, hakuna mbabe. Watazamaji wakaisha. Ikaja ile pumzi, ikajaa chumba kile ilimotoka. Nikajisikia mwenyewe nikisema, "Mama asijue," nikiwa nimesimama mlangoni pale pale niliposimama siku ile. Mkono wangu ukaenda kwenye kitufe.

"Toa mkono," akasema yule mama asiyeona. "Nyote mnazima hapo. Hakuna hata mmoja wenu aliyemsikiliza mpaka mwisho."

Nikautoa. Kwenye spika mlango ukafungwa, kwa mlio ule ule wa mlango nilioufunga punde. Kisha pumzi tatu. Mama alizihesabu kwa kidole chake juu ya goti. Kisha mume wangu, kwa sauti yake ya ndani, ile isiyokuwa ya mtangazaji wala ya mwalimu mkuu, akasema:

"Atajua tu."

Skrini ikarudi mwanzo. Wachezaji wakaingia uwanjani wakiwa wameshikana mikono.

"Alikuwa anapumua hivyo kwa muda gani?" mama akauliza.

Ningeweza kusema siku mbili. Kipimo asingenikana, na daktari alikwishahama. Nikasema, "Miezi minane."

"Mimi niliambiwa mafua."

"Nilikuambia mimi. Yeye alitaka uitwe. Nilikataa."

"Kwa nini?"

"Niliogopa watu watasema."

"Wangesema nini?"

Nikaanza kumweleza. Niliyapanga maneno kama nilivyozoea kupanga ripoti, lakini kila lililofika kwake lilikuwa limekwishapungua, na la nne sikulimaliza.

"Na sasa wanasema nyumba yako ina jini," akasema. "Jina zuri hilo umetupatia." Hakukasirika, alikuwa kama anayetaja hali ya hewa. Kisha akanishika mkono, akanivuta chini mpaka nikakaa sakafuni karibu na miguu yake. "Haya. Anzia siku ya kwanza. Alikohoa akiwa wapi?"

Nikaanzia siku ya kwanza. Alikohoa akiwa anafunga kamba za viatu. Nilimweleza mpaka nguo kule uani zikakauka na kukauka tena, na nyuma yetu mume wangu aliendelea kutuambia mpira uko kati.

Kipimo aliporudi nilimwambia juu ya lile jibu. Hakuwa amelisikia, yeye naye hakuwahi kufika mwisho. Akafungua rekodi ya asili, ile aliyokatia kimya chake. Tukasikia pumzi, tukanisikia mimi, tukasikia mlango. Baada ya mlango, hamna. Akaukuza mstari mpaka ukajaa skrini nzima, na ulikuwa mnyoofu, hauna hata kinyweleo. Akapandisha sauti mpaka spika zikanguruma. Hamna.

"Kwenye gemu lipo," akasema. "Kwenye rekodi halipo."

"Maana yake nini?"

"Sijui, shemeji."

Katika miaka yote niliyoishi naye sikuwahi kumsikia akisema neno hilo.

Zile diski hamsini na mbili alizikusanya zote, akazijaza kimya kipya alichokirekodi sebuleni, sisi sote tukiwa tumetoka nje hadi getini. Kwa fundi cherehani nilikwenda mwenyewe, kwa miguu yangu, nikiwa nimevaa nguo niliyokuwa navaa kwenye ukaguzi.

"Ile sauti ni yangu," nikamwambia.

Akatoa pini mdomoni. "Wewe? Ulikuwa unaficha nini?"

"Ugonjwa wa mume wangu. Nilimficha mama yake."

Akaichomeka pini kwenye kitambaa. "Sasa yale aliyoyakiri mwanangu?"

"Hayo ni ya kwenu."

Tangu hapo hadithi ya jini imekwisha na wanasemwa watu. Wananisema mimi. Nimewasikia dukani wakiacha kuzungumza ninapoingia, na nimeagiza nilichofuata, nikasubiri chenji yangu, nikaondoka. Waliosoma hapa hawahitaji kukisia tena. Mkosaji nimemwandika mwenyewe. Kipimo hakuficha kitu kwa faida yake, na furushi lake halina jini.

Diski moja tu, ile ya nyumbani, haikubadilishwa. Iko ndani ya mashine chumba cha uani, na kila saa nne asubuhi mama anatafuta lile tone la gundi kwa kidole. Siku hizi nakaa naye. Tunaziacha pedi mezani, tunangoja filimbi, na hakuna anayezima.

Juzi, baada ya mlango kufungwa, mama aliinua kidole chake kwenye goti, akahesabu kama kawaida. Moja, mbili, tatu. Kisha kidole kikapanda tena.

"Nne," akasema.

Nilikuwa nimehesabu nami. Jana zilikuwa nne vilevile, kabla mume wangu hajasema kwamba atajua tu. Nilimwambia Kipimo. Alinikumbusha kwamba furushi haliwezi kuongezeka hata kwa herufi moja, mashine ingelikataa. Nikamwambia basi aje na saa yake akae nasi, apime.

Alisimama pale uani, mkono kwenye kitasa, akiisikiliza sauti ya kaka yake kupitia mlango. Kisha akakiachia kitasa, akasema ana mashine ya mtu ya kurudisha, akaenda.